The Silmarillion: nunua kwa ajili ya Ainulindalë, hata usipomaliza yaliyobaki

Wengi wanaonunua hiki kitabu cha J.R.R. Tolkien ni watu waliomaliza zile hadithi zake za pete (The Lord of the Rings) wakawa bado wana kiu ya vita, sasa wanafungua mwanzo kabisa wanakutana na Ainulindalë, yaani simulizi ya uumbaji wa ulimwengu, hamna upanga wala safari, ni muziki tu, basi wanaruka. Jamani msiruke. Kwangu mimi pesa yote imeishia kwenye hizo kurasa chache za mwanzo, huko mbele ni nyongeza.

Iko hivi. Ilúvatar, mungu wa ulimwengu huo, anawaumba Ainur, roho wakubwa, anawapa wazo la wimbo na kuwaambia wauimbe pamoja, kila mmoja atie ufundi wake. Sauti zao zinatoka kama vinubi, zumari, tarumbeta, vinanda na kwaya zisizo na idadi, na ulimwengu wenyewe na historia yake vinakuja kutoka kwenye wimbo huo. Alafu Melkor, ambaye ndo alipewa vipaji kuliko wenzake wote, anaanza kuingiza mambo yake ili sehemu yake isikike zaidi.

Mi naimba besi na hapa ndo nilimkubali Tolkien kabisa, maana haishii kusema Melkor aliharibu, anaonyesha uharibifu unavyosambaa: walio karibu nae wanakata tamaa, muziki wao unayumba, na wengine wanaanza kufuata sauti yake wanaacha ile waliyoanza nayo. Yeyote aliyewahi kusimama kwenye kwaya anajua, mwenye sauti kubwa akitoka kwenye tuni msitari mzima unaondoka nae, hata waliofanya mazoezi vizuri.

Ilúvatar anasimama, anatabasamu, anainua mkono wa kushoto, wazo la pili linaanza. Melkor analivamia nalo. Anasimama tena, safari hii uso umekaza, anainua mkono wa kulia, na wazo la tatu linaanza polepole, laini, la upole, lakini halizimiki. Hapo unasikia muziki wa aina mbili kwa wakati mmoja, mmoja mpana na wa taratibu, una huzuni ndani yake na uzuri wake mwingi unatoka kwenye hiyo huzuni, mwingine ni kelele, unajirudia rudia, tarumbeta nyingi zinang'ang'ania noti chache. Na kitu kinachonisisimua kila nikifika hapo ni kwamba ule wa kelele ukipiga noti zake za ushindi kabisa, ule mwingine unazichukua unazifuma ndani yake. Mara ya tatu Ilúvatar anainua mikono yote miwili, sauti zinalia kwa pamoja mara moja, muziki unakatika.

Na haiishii kwenye nadharia. Melkor aliingiza baridi kali ili ammalize Ulmo, yule Ainu mwenye maji, matokeo yake ikapatikana theluji, na joto la Melkor likaleta mawingu na mvua, na Ulmo mwenyewe anakiri maji yamekuwa mazuri kuliko alivyowahi kuwaza. Kitabu kinasema mwangwi wa ule wimbo bado unaishi kwenye maji kuliko kitu kingine chochote duniani.

Lawama yangu ni moja ila ni kubwa. Ndani ya ulimwengu huo hii ni maandishi ya kale, yenye mtu aliyeyaandika, Rúmil wa Tirion, yule Elf (jamii ya viumbe kama watu wasiokufa kwa uzee) wa kwanza kubuni herufi. Ukifungua kitabu hautaambiwa hilo mwanzoni, limetajwa tu kwenye faharasa huko nyuma, unarushwa moja kwa moja kwenye uumbaji kama vile maneno yameanguka tu kutoka juu. Tolkien alifariki 1973, mwanae Christopher ndo alipanga makaratasi akisaidiwa na Guy Gavriel Kay wakatoa kitabu 1977, na Christopher mwenyewe baadae, 1983, akakubali kwamba kutokuweka maelezo ya chanzo lilikuwa kosa. Nakubaliana nae mia kwa mia. Ukishajua kuna Elf mzee anasimulia mambo yaliyotokea kabla ya ulimwengu kuwepo, ile lugha nzito inayochosha watu inakaa sawa, unaanza kuisoma kama kitabu cha mapokeo.

Majina yasikutishe. Sisi tunaosoma Kiswahili tuna afadhali sana, irabu zao zinatamkwa karibu sawa na zetu, zile nukta mbili juu ya e zinakukumbusha tu usiimeze, na nyuma kuna maelezo ya matamshi pamoja na faharasa ya majina yote, iweke alama maana utairudia sana huko mbele ambako wafalme wanafanana majina.

Kama unaweza, isikilize kwenye kitabu cha sauti. Kuna Martin Shaw aliyeisoma 1998, na Andy Serkis 2023. Serkis ana uigizaji mwingi na kwenye vita anafaa, ila kwa Ainulindalë nampa Shaw, anasoma taratibu, anaacha nafasi kati ya sentensi, hajilazimishi kuwa Melkor wala Ilúvatar. Vaa hedifoni, kitabu kiwe wazi mbele yako, usisikilize ukiwa kwenye daladala utapoteza nusu yake.

Kwa karatasi tafuta toleo la pili, la 1999 kuendelea, lina barua ndefu ya Tolkien ya 1951 kwa mhariri Milton Waldman akieleza kazi yake nzima ilivyopangika, kuanzia huo muziki. Na ukitaka kumsikia Rúmil mwenyewe akimsimulia mgeni Eriol bustanini, hiyo haipo humu, iko kwenye The Book of Lost Tales juzuu ya kwanza, toleo la zamani zaidi la simulizi hilo hilo. Ila anza na hiki.