Apu ya majina ya watoto: nyota mbili, moja ya huruma

Nina mimba ya miezi saba na mume wangu ananiuliza jina kila siku utadhani mtoto anaanza shule kesho, basi nikadaunlodi apu moja ya majina inayojisifia "asili na maana sahihi", nikalipia na elfu tisa juu ili sehemu ya Afrika ifunguke.

Kabla sijatafuta la mwanangu nikaipima kwanza kwa majina ya ukoo, yale ninayoyajua. Wifi yangu anaitwa Akinyi. Apu inasema Kiswahili, maana yake "jasiri". Jamani! Akinyi ni Kijaluo, wa kike aliyezaliwa asubuhi, mtoto yeyote wa Rorya anakwambia, aliyezaliwa usiku ni Atieno. Na Atieno wamelipatia vizuri tu, sasa sijui asubuhi ilipofika walikuwa wamelala.

Asha ndo palinichosha. Wameandika Kihindi, "tumaini". Sio uongo, Wahindi wanalo na ndo maana yake, ila Asha wa bibi yangu Pangani ni Aisha, la Kiarabu, yaani aliye hai, ni majina mawili yaliyogongana kwenye herufi basi. Amani hivyohivyo, Waarabu wana Amani la kike maana yake matamanio, hii amani yetu sisi imetoka kwenye neno lao jingine kabisa la usalama, apu imepika vyote sufuria moja. Na hakuna pa kubonyeza uone wametoa wapi, hata kamusi moja hawaitaji, unatakiwa uamini tu.

Kamaria nalo eti Kiswahili, la mwezi. Qamar ni Kiarabu, sisi mwezi ni mwezi, ukimtajia mtu wa Tanga kamari anajua unabeti. Zuri, linalopendwa sana Marekani, hilo sawa mzizi wetu, ila mtoto huwa mzuri, zuri ni gari au shati (haya, na jina, jina zuri, hapo nawasamehe).

Nia wamelitendea haki, wameandika lipo la Kiwelshi na lipo la kwetu, na kwamba ni moja ya Nguzo Saba za Kwanzaa, ile sikukuu ya Wamarekani weusi, tangu 1966. Angekuwa aliyeandika hilo ndo kaandika yote ningetoa tano.

Majina ya matukio sasa, Mwanaidi, Chausiku, Tabu, Sikujua, hamna hata moja, na hayo ndo yenye stori. Mama mkwe nilimpigia simu ya dakika kumi akanipa kumi na nne na sababu ya kila moja, bure.

Niliwaandikia kuhusu Akinyi, wakajibu asante kwa maoni yako. Nimefungua leo, bado Mswahili na bado jasiri.