Mbaazi, rutabu na mkate wa kumimina: staftahi ya kiangazi mjini Seeb

Mwezi Julai hapa Oman, ikifika saa tatu asubuhi joto mara nyingi limeshapita nyuzi 35, na mandazi pamoja na chai ya maziwa yenye sukari tele, staftahi ambayo sisi tuliolelewa na Wazanzibari tunaipenda mno, humwacha mtu na kiu na uzito mpaka adhuhuri. Kwa hiyo niliposikia kwamba mkahawa mmoja mdogo wa Seeb, pembezoni mwa Maskati, unaandaa staftahi isiyo na kitu cha kukaanga, inayochanganya mapishi ya Unguja na ya Kiomani, nilikwenda mara tatu ndani ya wiki mbili, na mara ya mwisho nilifuatana na mama yangu mkubwa, mzaliwa wa Zanzibar, ambaye ulimi wake ninauamini kuliko wangu.

Sinia lina bakuli la mbaazi za nazi, kipande cha mkate wa kumimina, mkate wa rakhal mwembamba kama karatasi, rutabu saba (tende mbivu ambazo hazijakauka), vipande vya papai na bilauri ya laban baridi, yaani mtindi mwepesi wa kunywa, iliyotiwa chumvi kidogo na majani ya nanaa. Bei yake ni rial 2 na baisa 500, na mtu mmoja hutosheka.

Kilichonivutia zaidi ni mkate wa kumimina. Mchele umerowekwa usiku kucha na kusagwa kwa tui, ukatiwa hamira na hiliki kama ilivyo ada, lakini mahali pa sukari wametia asali ya tende, na kwa kiasi kidogo. Rangi yake imekuwa ya hudhurungi badala ya nyeupe, jambo ambalo huenda likamshangaza aliyeuzoea wa nyumbani. Ukiukata, unaona vile vitundu vidogo vilivyopangana kutoka chini hadi juu, dalili kwamba uliachwa ukaumuka barabara na haukuharakishwa motoni, na utamu wake huja polepole baada ya harufu ya hiliki. Hata hivyo asali ya tende nayo ni sukari, na mwenye kisukari asidanganyike kwa jina. Uzuri wa mkate huu ni kwamba utamu umepunguzwa kweli, haukubadilishwa sura tu.

Rutabu zilikuwa za aina ya khunaizi, nyekundu, nusu zimelainika na nusu bado zinakatika menoni, na kwa kuwa zina maji mengi kuliko tende kavu, zinafaa sana kwa msimu huu. Ukila moja kisha ukashushia laban ya chumvi, utaelewa kwa nini Waomani hawakuviacha vitu hivi viwili vitengane. Mkate wa rakhal ni mzuri ukiwa moto, lakini ukikaa dakika tano unakauka, basi uanze huo.

Kasoro iko kwenye mbaazi. Zimeiva vizuri, hazikupondeka, na mpishi amefanya busara kutumia tui jepesi ili zisimlemee mlaji kwenye joto. Mama mkubwa alionja kijiko kimoja akakiweka chini: "Mwanangu, hili tui la kopo." Alisema kweli, kwani ile ladha ya nazi iliyokunwa asubuhi haikuwapo, na kulikuwa na utelezi mdogo unaobaki ulimini. Ninasikitika kwa sababu Salalah ina minazi, na mkahawa uliojali kutafuta rutabu bora ungeweza kujali nazi vilevile, hata kama bei ingepanda kwa baisa mia mbili. Kikombe kimoja cha tui la kasimile, lile zito la kwanza, juu ya sufuria nzima kingetosha kuziokoa mbaazi hizo bila kuzifanya nzito.

Huduma ni ya heshima, na kahawa chungu yenye hiliki hujazwa mpaka mgeni atikise finjani. Ni vyema kufika kabla ya saa moja, maana mara ya pili nilifika saa mbili na robo nikakuta rutabu zimekwisha. Nilimuuliza mwenye mkahawa atafanya nini msimu wa rutabu ukipita, akanijibu kwamba ataroweka tende kavu ndani ya laban usiku kucha na kuzileta zikiwa baridi. Mama mkubwa ameshaniambia kwamba Oktoba nimpeleke tena.