Catherine Watano Kwenye Rafu Moja: Ununue Yupi Kwanza?

Karibu kila ukoo kwetu una Catherine wake, na ukiwahesabu akina Kate, Cathy na Katarina wa kwaya ya parokia, utapata zaidi ya mmoja. Kwa hiyo si ajabu mtu akipata wazo la kumnunulia ndugu au rafiki riwaya ambayo shujaa wake ni wajina wake, hasa mahafali au siku ya kuzaliwa inapokaribia. Shida ni kwamba wajina hawa hawafanani hata chembe. Kuna aliyelewa hadithi za mizimu, kuna anayesukuma makaa ya mawe chini ya ardhi, na kuna muuguzi wa vitani. Ukinunua kwa kuangalia jina tu, unaweza kumpa bibi harusi kitabu cha kumliza fungate nzima.

Nimezipanga riwaya tano kwa vigezo viwili. Je, msomaji wa kawaida, mwenye kazi na watoto, atafika ukurasa wa mwisho? Na je, Catherine mwenyewe ana akili na msimamo wake, au amewekwa pale kumpendezesha mwanamume wa hadithi? Umaarufu wa kitabu sikuutia kwenye mizani, ndiyo maana kile kinachojulikana kuliko vyote hakiko juu. Zote nazizungumzia kwa Kiingereza, isipokuwa moja ambayo asili yake ni Kifaransa.

1. Washington Square, Henry James (1880)

Kama hela yako ni ya kitabu kimoja, nunua hiki.

Tuko New York ya karne ya 19. Daktari Sloper ni mgane, ni tajiri, ana ulimi mkali. Binti yake wa pekee, Catherine, si mrembo wala si mwepesi wa maneno, na baba hajawahi kumsamehe kwa hilo. Ila Catherine ana dola 10,000 kwa mwaka alizorithi kwa mama yake, na baba akifa anatarajiwa kuongezewa 20,000 nyingine. Hapo anajitokeza Morris Townsend, mtanashati, msemaji mzuri, hana kazi, anakaa kwa dada yake, na urithi wake mwenyewe amekwisha kuutafuna. Baba anatamka wazi: ukiolewa na huyu, mali yangu huioni.

Msomaji wa kwetu hahitaji kuelezwa mambo haya. Posa, baba mwenye mali, mchumba wa kutiliwa shaka, na shangazi mpambe anayebeba ujumbe kwa siri huku akiifurahia tamthilia kuliko wahusika wake. Shangazi huyo, Mrs. Penniman, anafikia kukutana na Morris kwenye kona ya giza ya mkahawa wa chaza, kana kwamba anayechumbiwa ni yeye.

Kinachokipandisha kitabu hiki juu ni jinsi Catherine anavyofunguka macho. Hakuna anayemwambia lolote. Baba anampeleka Ulaya ili asahau, na jioni moja, wakiwa peke yao kwenye bonde la milima ya Alps lisilo na mtu, anamuuliza kama amemwacha yule kijana. Anaposikia bado, anamwonya binti yake kwamba yeye baba si mtu mwema sana, kwamba kwa nje ni laini lakini anaweza kuwa mgumu. Hamgusi, wala hapazi sauti. Ni miongoni mwa kurasa za kuogofya kuliko zote katika orodha hii, na humo hamna mzimu wala bunduki. Baadaye, baba akiwa mzee, anamwomba binti ahadi moja ndogo. Jibu la Catherine ni fupi na linamgharimu pesa nyingi. Hapo ndipo utakapojua kwamba yule aliyedhaniwa zuzu ndiye mwenye uti wa mgongo nyumba nzima.

Kitabu ni chembamba, sura 35 fupifupi, kurasa kama 200. James mwenyewe hakukipenda, akakiacha nje ya toleo kubwa la kazi zake la 1907 hadi 1909. Usimsikilize. Maelezo ya pembeni hayahitajiki sana, kwa hiyo chukua toleo lolote la bei nafuu, au lile la bure la Project Gutenberg usomee kwenye simu.

2. Northanger Abbey, Jane Austen (1817)

Hiki ni cha kicheko. Catherine Morland ana miaka 17, mtoto wa mchungaji, mmoja kati ya watoto kumi, na sentensi ya kwanza kabisa inatuambia kwamba aliyemwona utotoni asingedhani amezaliwa kuwa shujaa wa riwaya. Anapelekwa mji wa Bath, anapata rafiki mnafiki wa kupindukia aitwaye Isabella, na kaka yake Isabella, John Thorpe, anamchosha kwa kusifia farasi na kigari chake kama kijana wa mjini na gari alilonunua kwa mkopo.

Kisha anaalikwa kwenye jumba la kale. Usiku, mvua na upepo nje, anaona kabati jeusi chumbani. Anahangaika na ufunguo, anapapasa droo, na nyuma kabisa anakuta karatasi zimeviringishwa. Kabla hajasoma, mshumaa unamzimikia. Hapati usingizi. Asubuhi anazifungua kwa mikono inayotetemeka: ni orodha ya nguo za dobi. Mashati, soksi, vizibao.

Ajabu ya kitabu hiki, ukizingatia sababu ya kukinunua, ni kwamba Catherine huyu hakuzaliwa Catherine. Austen alimuuza mwaka 1803 kwa mchapaji wa London kwa pauni 10 akiwa anaitwa Susan. Mchapaji akakalia muswada miaka nenda miaka rudi. Mwaka 1809 ikatoka riwaya nyingine yenye jina la Susan, na mwaka 1816 familia ikaununua muswada kwa pauni zilezile 10. Ndipo Susan akawa Catherine. Kitabu kilitoka Desemba 1817, miezi mitano baada ya mwandishi kufariki.

Cha kuzingatia unaponunua: utani wake mwingi unazidhihaki riwaya za kutisha za zama zile, hasa The Mysteries of Udolpho ya Ann Radcliffe, kwa hiyo toleo lenye tanbihi linalipa. Ukiona la Oxford World's Classics lililofungwa pamoja na Lady Susan, The Watsons na Sanditon, shika hilo. Unapata kazi nne za Austen kwa bei ya moja.

3. Wuthering Heights, Emily Brontë (1847)

Hapa najua nitagombana na watu. Kwa nguvu ya uandishi, hiki ndicho kikubwa kuliko vyote vitano. Lakini huu ni mwongozo wa kununua, na hiki ni kitabu ambacho watu hukinunua wakidhani ni hadithi tamu ya mapenzi, kisha wanakiacha njiani. Jalada lina mlima, ukungu na wapendanao. Ndani mna kisasi kinachorithishwa kizazi hadi kizazi.

Ugumu wa kwanza ni kwamba wamo Catherine wawili, mama na mtoto. Mgeni Lockwood, akilala usiku mmoja kwenye nyumba iitwayo Wuthering Heights, anakuta jina limekwaruzwa tena na tena kwenye rangi ya kibao cha dirishani: Catherine Earnshaw, pengine Catherine Heathcliff, kisha Catherine Linton. Ukikisoma kitabu hadi mwisho ukarudi kwenye kibao kile, utaona kwamba kisa kizima kilikuwa kimeandikwa pale. Ila mara ya kwanza unaona vurugu tu. Ugumu wa pili ni mtumishi mzee Joseph, anayesema lahaja nzito ya Yorkshire iliyoandikwa jinsi inavyotamkwa. Hata Waingereza humruka. Charlotte Brontë, alipokihariri kitabu cha marehemu mdogo wake mwaka 1850, aliipunguza makali lahaja hiyo.

Kwa hiyo usinunue toleo tupu. Tafuta lenye mti wa ukoo mwanzoni na maelezo ya maneno ya Joseph mwishoni. Kama umeona sinema ya 1939, jua umeona nusu. Nusu ya pili, ya Catherine mtoto, waliiacha, na mimi naona yeye ndiye bora kati ya hao wawili. Mama anapenda kwa kuunguza kila kitu. Mtoto anajifunza kumfundisha mtu kusoma.

4. Germinal, Émile Zola (1885)

Saa kumi alfajiri, baridi kali, kaskazini ya Ufaransa. Catherine Maheu, miaka 15, anajilazimisha kuamka katika chumba anacholala pamoja na ndugu zake, kisha anavaa suruali ya mchimbaji na kushuka mgodini kusukuma vitoroli vya makaa. Étienne, kibarua mgeni, anamdhania ni mvulana. Ukifika wakati wa chakula, Étienne hana kitu, na Catherine anaukata mkate wake na kumgawia. Ukurasa huo mmoja unatosha kununulia kitabu.

Zola alikwenda Anzin, mji wa migodi wa kaskazini ya Ufaransa, mwezi Februari 1884, wachimbaji wakiwa kwenye mgomo, akashuka mgodini kujionea. Inaonekana: vumbi, maji yanayodondoka, farasi ambaye ameishi chini miaka hadi amesahau jua. Alipozikwa mwaka 1902, wachimbaji waliokuja mazishini waliimba jina la kitabu hiki. Msomaji wa miji ya migodi kama Kolwezi au Mererani hatahitaji kuchorewa picha.

Kwa nini basi ni cha nne? Kwa sababu kitabu ni cha mgomo, si cha Catherine. Yeye anabebwa na matukio, kutoka mkono wa baba hadi mkono wa mwanamume anayempiga, na Zola anamhurumia zaidi ya anavyomsikiliza. Tena ni kinene na kigumu kwa moyo. Mpe mtu wa vyama vya wafanyakazi, au mwanafunzi wa historia.

Anayesoma Kifaransa, kama ndugu zetu wengi wa Kongo na Burundi, achukue asili yake. Matoleo ya mfukoni ya Folio au Le Livre de Poche yako sawa. Kwa Kiingereza, tafsiri ya bure ya mtandaoni mara nyingi ni ya Havelock Ellis ya 1894, ambayo ni nzuri lakini lugha imezeeka. Ukiwa na hela, tafuta ya Roger Pearson (Penguin) au ya Peter Collier (Oxford). Jina la mfasiri liko ukurasa wa ndani. Kama halipo kabisa, rudisha kitabu mezani.

5. A Farewell to Arms, Ernest Hemingway (1929)

Kurasa za jeshi la Italia likirudi nyuma kutoka Caporetto mwaka 1917, katika Vita Kuu ya Kwanza, mvua, matope, magari yamekwama, maofisa wanapigwa risasi na wenzao, hizo ni kati ya kurasa bora za vita nilizowahi kusoma. Kama unamnunulia mjomba anayependa habari za vita, hamisha kitabu hiki kiwe cha kwanza.

Lakini Catherine Barkley, muuguzi wa Kiingereza, ananisumbua. Anaingia vizuri, mkononi ameshika fimbo nyembamba ya mchumba wake aliyeuawa katika mapigano ya Somme, mwanamke mwenye msiba na kichwa chake. Kadiri mapenzi na Luteni Henry yanavyoshika kasi, ndivyo anavyoyeyuka, mpaka anasema mwenyewe kwamba anataka anachotaka mwanamume tu. Wako wanaomtetea kwamba ni mfiwa wa vita anayejua anachofanya. Huenda. Mimi namuona Hemingway akipanga mazungumzo apendayo kusikia.

Na onyo moja zito: usimpe mjamzito kitabu hiki. Sisemi zaidi.

Hemingway aliihangaikia sana tamati yake. Toleo la Scribner la 2012 limechapisha tamati mbadala 47, kwa hiyo anayejifunza kuandika atafaidi humo kuliko toleo la kawaida.

Kabla hujatoa pesa

Vitabu hivi vimejaa kwa wauzaji wa mitumba, wale wanaotandika chini ambao Nairobi wamewapa jina la inama. Bei ni ya maelewano, na hakuna ubaya kununua kilichochakaa jalada. Ubaya ni kununua kilichokatwa. Matoleo mengi yanayozunguka ni yale yaliyofupishwa kwa wanafunzi, kurasa 80 hivi zenye picha, na muuzaji hatakwambia. Maneno "retold by" au "abridged" jaladani yakutoshe. Yasipokuwepo, fungua sura ya mwisho uangalie namba: Washington Square 35, Northanger Abbey 31, Wuthering Heights 34, A Farewell to Arms 41. Germinal ina sehemu saba, jumla sura 40. Angalia pia matoleo ya zamani ya Northanger Abbey na Wuthering Heights yaliyogawanywa kwa juzuu, ambapo namba zinaanza upya katikati, hayo hayajakatwa.

Vipya vya bei ya chini ni vya kampuni ya Wordsworth. Karatasi si nzuri na maandishi ni madogo, lakini kitabu ni kizima. Kwa zawadi, Penguin au Oxford zinapendeza zaidi mkononi.

Utaulizwa pia kuhusu East of Eden ya John Steinbeck (1952), maana humo yumo Cathy. Ni riwaya ya kusisimua, ila Cathy huyo ni mmoja wa wahusika waovu kabisa katika fasihi ya Marekani. Jisomee mwenyewe, wajina wake mnunulie Washington Square, na hela ikibaki mwongezee Northanger Abbey.