Elfu tatu yangu, goli la Mukwala, na yule aliyeniambia ninunue king'amuzi

"Dada, redio ni ya kusikiliza tu. Kama unataka mambo ya VAR nunua king'amuzi."

Nimelinakili jibu hilo kama lilivyoingia kwenye simu yangu, sijaongeza wala kupunguza neno. VAR ni ule ukaguzi wa uamuzi wa refa kwa marudio ya video. Liliandikwa na mtu wa huduma kwa wateja wa programu moja ya simu inayotangaza mechi kwa sauti. Nimekuwa nikiilipia elfu tatu kila mwezi, msimu mzima, bila kuchelewa. Nililipokea siku ambayo nilikuwa tayari nimeumia, na kila nikilisoma hasira inapanda upya. Kwa hiyo mtakaosoma hapa mjue mapema kwamba siandiki kwa utulivu.

Mimi ni fundi cherehani, niko Makambako, na ni shabiki wa klabu ya Simba tangu nizaliwe. Mpira nausikiliza kwa sababu macho na mikono yangu viko kwenye kitambaa. TV ninayo nyumbani. Lakini huwezi kumkatia mtu gauni la send-off huku unamwangalia winga anakimbia. Utakata pasipokatwa, na kitambaa cha mtu hakirudi. Redio ndiyo inayomfaa anayeshona, anayeendesha lori, anayelinda geti usiku, anayekaanga chipsi. Inamfaa na asiyeona, na hapo ndipo jibu lile liliponichoma zaidi. Baba yangu macho yalishakwenda, miaka sasa. Mechi za Simba tunazisikiliza pamoja dukani, yeye kwenye kiti chake karibu na mlango, mimi kwenye mashine.

Siku yenyewe ilikuwa ya fainali ya Kombe la Shirikisho Afrika dhidi ya RS Berkane ya Morocco, Mei 2025. Kule kwao tulishafungwa 2-0, na mechi ya marudiano ilikuwa imeondolewa Uwanja wa Mkapa kwa sababu ya eneo la kuchezea, ikapelekwa Amaan, Zanzibar. Tulihitaji magoli mawili ili tusawazishe. Joshua Mutale akatupa la kwanza mapema, dakika ya 17, na mtaa mzima ukaamka. Ng'ambo ya barabara kuna kibanda umiza, banda la kulipia kuangalia mpira kwenye TV, na huwa nawasikia wenzetu wa pale wakishangilia kabla goli halijafika kwenye simu yangu. Hilo nilishalizoea. Sauti ya intaneti inachelewa: inatoka uwanjani, inapita kwenye mitambo, inakatwa vipande vipande, halafu simu inajiwekea akiba kidogo ndipo ianze kucheza. Nusu dakika inapotea hapo, wakati mwingine zaidi. Mimi na Baba tulishakubaliana kwamba kelele za ng'ambo hatuzihesabu mpaka mtangazaji wetu aseme.

Kipindi cha pili kikaanza vibaya, Yusuf Kagoma akatolewa kwa kadi nyekundu. Tukabaki kumi na tulikuwa bado tunahitaji goli moja. Nikasimamisha mashine. Mtangazaji wa ile programu, nitamsifu mbele kwa sababu anastahili, alikuwa anafanya kazi nzuri sana: mpira uko wapi, nani anao, nani anamkaba. Ndipo kibandani wakalipuka. Hata mapaja yangu yalitetemeka, maana kelele ile haikuwa ya kona. Baba akainua mkono, maana yake nisubiri. Kwenye simu bado ulikuwa unarushwa mpira. Kisha ukapigwa mbele, na mtangazaji akaita "Mukwalaaa, goooli!", na mimi nikapiga ukelele ambao wateja waliokuwa sokoni waliusikia.

Kabla sijamaliza kushangilia, sauti ikakatika. Likaingia tangazo la mikopo ya haraka kwa simu. Mwanamke anaimba, kicheko, namba ya kupiga. Likaisha, likaingia la pili. Na katikati ya matangazo hayo tukasikia ng'ambo kunanyamaza. Kibanda kizima kimya, mchana kweupe, siku ya fainali. Baba ndiye aliyeelewa kwanza. Akaniuliza, "Mama, wamelikataa kwa lipi?" Sikuwa na jibu. Programu iliporudi, mtangazaji alikuwa anaendelea na mpira mwingine kabisa, na alichokisema ni kwamba bado ni moja bila. Maelezo yote yalikuwa yametolewa wakati sisi tunaimbiwa mikopo. Kwamba VAR ilionyesha Mukwala, mshambuliaji wetu, alikuwa ameotea, tulikuja kuelezwa na vijana waliotoka kibandani mechi ilipokwisha. Na mwisho mnaujua: Berkane wakasawazisha dakika za nyongeza, 1-1, kombe likaenda kwao.

Sidai programu iturudishie kombe. Kufungwa ni mpira. Ninachodai ni kitu kimoja, na nitakirudia mpaka kiwaingie: VAR ndiyo saa ambayo msikilizaji wa redio anamhitaji mtangazaji kuliko saa yoyote. Mwenye TV anamwona mwamuzi ameshika sikio, anamwona anakimbilia kioo, anaona mstari umechorwa, anaona wachezaji wamemzunguka. Sisi hatuna chochote isipokuwa mdomo wa mtu mmoja. Mpira ukisimama, mtu wa kwenye mitambo anaona nafasi ya tangazo, kumbe kwa msikilizaji hapo ndipo mechi ilipo. Kumkata mtangazaji dakika hiyo ni sawa na mimi kumkabidhi mteja koti lisilo na mkono, kisha nimwambie kama anataka mkono aende akanunue dukani.

Na ndivyo nilivyojibiwa. Niliandika kwa adabu, wallahi. Nilisalimia, nikaeleza dakika, nikaeleza tangazo, nikaeleza kwamba nasikiliza na mzazi asiyeona, nikaomba wawe wanasubiri VAR iishe ndipo waweke matangazo yao. Hilo la mzazi nililiandika wazi. Na mtu akalisoma, akaandika "nunua king'amuzi". Nilipomwuliza jina lake hakujibu. Baada ya hapo ikaja meseji nyingine ya kunishukuru kwa maoni yangu na kunitangazia kifurushi kipya cha wiki.

Baba hakukasirika kama mimi. Yeye alianza kuwataja watangazaji wa zamani, wa Radio Tanzania Dar es Salaam, hii ambayo leo ni TBC Taifa. Ahmed Jongo, Mikidadi Mahmoud, Charles Hilary. Hilary alikuwa amefariki mwezi uleule wa fainali, na Baba alikuwa bado na majonzi yake. Ukimwuliza Baba habari za 1993, Simba na Stella Abidjan katika fainali ya Kombe la CAF, anakusimulia utadhani alikuwa jukwaani. Kule Abidjan sare ya bila kufungana, nchi nzima ikajua kombe ni letu, halafu tukafungwa 2-0 hapa nyumbani Dar. Hakuwa uwanjani. Alikuwa hukuhuku na redio yake ya betri. Lakini anajua mpira ulitokea upande gani, nani alikuwa amezubaa, uwanja ulinyamaza vipi. Walimpa mechi yote mkononi. Walimwambia timu ipi inashambulia lango la kaskazini na ipi la kusini, nani amevaa rangi gani, mpira uko hatua ngapi kutoka kwenye boksi. Mzee wa watu amekuwa kipofu ukubwani na bado fainali ile anaiona. Hii ya Amaan ina shimo katikati, na shimo lenyewe lina wimbo wa mikopo ndani yake.

Tangu siku hiyo nimejaribu njia nyingine, na nitasema ninavyozijua kwa sababu najua tuko wengi.

Redio ya kawaida ya FM ndiyo inayokwenda na wakati. Kwangu mimi, TBC Taifa ikishika vizuri inawatangulia hata watu wa kibanda umiza, kwa kuwa picha yao inapanda setilaiti na kushuka ndipo iwafikie. Raha ya kushangilia kabla ya kibanda haielezeki! Haili bando, na umeme ukikatika inaendelea na betri. Shida ni huku kwetu milimani na chini ya paa la bati: siku ya upepo inakoroma, na mashine ikianza kuzunguka ndiyo basi kabisa, motor inaingilia mawimbi. Nimeisogeza dirishani, nimefunga waya kwenye antena, afadhali kidogo.

Kiswaswadu, kile kisimu kidogo cha vitufe, chenye redio nacho ni kizuri, ila lazima uchomeke hedifoni za waya, kwa sababu waya ndio antena. Hizi zisizo na waya hazisaidii kitu hapo. Nimechomeka hedifoni kisha nikawasha spika, Baba akasikia na mimi nikasikia. Simu janja nyingi za siku hizi hazina redio hiyo, angalieni kabla ya kununua kama mnajali mpira.

Kuna vituo vya FM vinavyokuambia vinakuletea mechi, kumbe watu watatu wamekaa studio wanaangalia TV na kupiga stori. Wanacheka, wanabishana usajili, mmoja anasema "uiii, ameikosa!" Nani ameikosa? Kwa mguu au kichwa? Hawakuambii, kwa sababu wao wameona na wanadhani na wewe umeona. Hao siwezi. Nilizima katikati ya mechi ya watani, Simba na Yanga, na mnajua inahitaji hasira kiasi gani mtu wa Simba kuzima mechi ya watani.

Sauti ya TV bila kuiangalia ni hivyohivyo. Mtangazaji wa TV ananyamaza mpira ukitembea, na haki yake, picha inasema. Baba akisikiliza TV anakuwa mnyonge, anauliza kila saa.

Sasa hapa ndipo hasira yangu inapogongana na ukweli, na ukweli lazima niuseme. Kati ya vyote nilivyojaribu, mtangazaji anayekaribia wale wazee wa Baba yuko kwenye programu ileile iliyonitukana. Kijana huyo, jina lake silitaji kwa kuwa sitaki ugomvi wangu na ofisi yake umguse, anajua kwamba kuna mtu hamuoni. Anakuambia mpira uko karibu na kibendera cha kona upande wa benchi la Simba. Anakuambia kipa amesogea hatua mbili mbele. Mechi za ugenini kule Afrika Kaskazini, usiku mwingi, FM yangu ikiwa imelala, yeye ndiye aliyekuwa akitufikia, sauti safi, na bando halikuisha. Baba akimsikia tu anasema, "Huyu anafanya kazi." Kutoka kwa Baba hiyo ni sifa kubwa.

Nilikuwa nimepanga kuandika: futeni, msilipie, wezi. Siwezi kuwaita wezi. Huduma yenyewe ni nzuri, pengine ndiyo nzuri kuliko zote tulizonazo wasikilizaji. Ndiyo maana inauma. Kitu kibovu ukikiacha umekiacha, lakini hiki kina mtu anayejua kutangaza, na nyuma yake kuna mwingine anambonyezea kitufe katikati ya goli, na nyuma ya huyo kuna wa tatu anawajibu wateja kama ombaomba. Mimi si ombaomba. Elfu tatu ile ni pindo za magauni na zipu za suruali, na niliitoa kwa moyo.

Kuna watakaosema matangazo ndiyo yanayolipa mishahara. Sawa, najua. Wekeni kabla ya mechi, wekeni mapumziko, mtajeni mdhamini mpira ukienda nje, watangazaji wa zamani walikuwa wakitaja na hatukufa. VAR isiguswe. Adhabu isiguswe. Majeruhi wa kuzimia uwanjani asiguswe, maana nyumbani kuna mama yake anasikiliza. Haya yanataka mtu mmoja tu ofisini anayesikiliza mechi kama msikilizaji, akiwa amefumba macho.

Nyota ninazoipa programu hii ni mbili. Moja ni ya sauti kufika mpaka Makambako usiku wa ugenini. Ya pili ni ya yule kijana, na wenye programu wasiihesabu kuwa yao. Nilitaka kuongeza ya tatu kwa ajili ya furaha waliyompa Baba katika mechi nyingine zote, lakini nimefungua simu nikasoma tena lile jibu, na nimeiondoa. Nikiendelea kulisoma nitaondoa na nyingine.

Mwezi huu sijalipa. Baba ameniuliza mara kadhaa kama kijana wetu atatangaza Jumamosi, nimemwambia tutatumia redio ya betri. Nikipata ujumbe wenye jina la mtu, unaomwomba radhi mzee huyu na kusema VAR haitakatwa tena, nitalipa siku hiyohiyo, hata kama mechi imeshaanza.