Tahadhari: Usilipie sensa ya usukani kabla hujaonyeshwa namba zake

Jamani wenye magari, naomba msome hii kabla hamjatoa hela kwa mtu yeyote anayewaambia kwamba sensa ya usukani imekufa. Kuna mchezo unachezwa na baadhi ya wauza spea wakishirikiana na wapima magari, na unaenea kwa sababu mwenye gari hana namna rahisi ya kujua kilichofanyika. Taa ya gari linaloteleza inawaka kwenye dashibodi. Mtu anakuja na kifaa kidogo, anakichomeka chini ya usukani, anasoma msimbo unaotaja sensa ya pembe ya usukani, anakuonyesha kwenye simu ili uone kwa macho yako. Hapo hapo sensa "mpya" anayo tayari. Anafunga, anafuta msimbo, taa inazima, unalipa, naye anaondoka na sensa yako ya zamani. Baada ya muda mfupi taa inarudi. Na ile sensa aliyoondoka nayo, ambayo mara nyingi ilikuwa nzima, inasafishwa na kuuzwa kwa mwingine kama mpya.

Kazi yangu ni umeme wa magari. Magari haya yananifikia hela ikiwa imeshaliwa, na wengine wanaoyaleta wameshaambiwa kwamba sasa tatizo ni kompyuta ya ABS, yaani ya breki zinazozuia tairi kujifunga, kitu cha gharama kubwa zaidi. Kwa hiyo nawaomba mshike hili moja: msimbo ukitaja jina la sensa, haujasema sensa imeharibika. Umesema tu kwamba habari zinazotoka upande huo hazifiki, au zinafika na kompyuta haiziamini.

Sensa hii inakaa kwenye shina la usukani, nyuma ya gurudumu unaloshika. Kwenye magari mengi imeshikana na kloki-springi, ule utepe wa nyaya uliojiviringa unaopeleka umeme wa honi na eabegi huku usukani ukizunguka. Kwenye mengine imo ndani ya mota ya pawa steringi ya umeme. Kazi yake ni kuiambia kompyuta umekata usukani kiasi gani na kuelekea upande gani. Kompyuta inayozuia gari kuteleza inalinganisha habari hiyo na mwendo wa kila tairi, na pia na sensa nyingine inayopima jinsi bodi ya gari inavyogeuka. Wewe umekata kushoto, gari bado linakwenda mbele: kompyuta inabana breki ya tairi moja moja mpaka gari lifuate unakotaka. Habari hizo zisipopatana, mfumo unajizima na kuwasha taa.

Sasa angalieni misimbo yenyewe. Kwenye Toyota, C1231 ni hitilafu katika mzunguko wa sensa ya usukani. Mzunguko ni sensa, ndiyo, lakini pia ni fyuzi, nyaya, konekta na earth, yaani waya wa kurudisha umeme kwenye bodi. U0126 ni kwamba mawasiliano na sensa yamekatika, na waya uliokatika unatosha kuuleta huo msimbo. U0428 ni kwamba sensa inaongea lakini inachosema hakikubaliki, na hapo mara nyingi kinachotakiwa ni kuseti sifuri upya, yaani kuifundisha kompyuta usukani ulionyooka ni upi. Halafu kuna C1210 na C1336 za Toyota, ambazo nimeona watu wakiuziwa sensa ya usukani kwa ajili yake. Misimbo hiyo haihusu sensa ya usukani hata kidogo! Inasema sifuri ya sensa ya mgeuko, ile inayopima bodi inavyogeuka, na ya sensa ya mchapuko, inayopima mwendo unavyoongezeka na kupungua, haijasetiwa. Hakuna spea ya kununua hapo.

Niwape mfano wa gari lililokuja mikononi mwangu, kwa sababu mchezo wote umo ndani yake. Mama mmoja alifanyiwa alaimenti, yaani kunyooshewa tairi, na kesho yake taa ikawaka. Akauziwa sensa. Taa ikazima palepale uwanjani, akafurahi, ikarudi akiwa barabara kuu. Nilipochomeka mashine na kuendesha gari lile kwenye barabara iliyonyooka, usukani ulikuwa umelala kidogo kulia na namba ya sensa ikisomeka kama digrii 11, wakati gari linakwenda moja kwa moja. Yaani aliyefanya alaimenti alirekebisha tairodi, vile vyuma vinavyogeuza tairi, bila kuufunga usukani katikati kwanza. Tairi zilinyooka, usukani ukabaki umepinda, na sensa ikawa inasema ukweli mtupu: usukani umekatwa. Kompyuta inaona usukani umekatwa na gari halikati, inakataa. Dawa ilikuwa kurudia alaimenti usukani ukiwa katikati, kisha kuseti sifuri. Basi.

Nilipofungua kuitazama ile sensa "mpya", kidole cha plastiki kinachofunga konekta kilikuwa kimevunjika, na lebo ilikuwa imebandikwa juu ya lebo nyingine. Ukiiinamisha kwenye mwanga unaona kona ya ile ya chini ikichungulia. Kwenye tundu la skrubu kulikuwa na mikwaruzo ya bisibisi, alama ambayo kitu kilichotoka kiwandani hakiwezi kuwa nayo. Sensa yake halisi hakuiona tena.

Hapa ndipo wengi wanapodanganyika, kwa hiyo nikae kidogo. Kwa nini taa ilizima? Kwa sababu msimbo ulifutwa. Gari likiwa limesimama, kompyuta haina cha kulinganisha: tairi hazizunguki, bodi haigeuki. Inahitaji gari litembee, wakati mwingine likate kona kadhaa, ndipo ijue kwamba habari hazipatani. Taa kuzima uwanjani si ushahidi wa chochote. Mtu anayefuta msimbo, anakuonyesha dashibodi safi na kutaka hela kabla gari halijatoka barabarani, mwambieni mnakwenda wote kwenye gari, mashine ikiwa imechomekwa.

Na hicho kifaa kidogo cha simu kina mipaka yake. Vifaa vingi vya namna ile vinasoma misimbo ya injini, ile inayoanza na herufi P. Misimbo ya breki na usukani inaanza na C, ya mawasiliano inaanza na U, na kuisoma yote pamoja na namba zinazotembea, zile zinazobadilika papo hapo sensa inavyosoma, kunahitaji mashine inayoweza kuingia kwenye kompyuta ya ABS na ya usukani ya gari lako. Mtu asiye na mashine hiyo hawezi kuhukumu sensa. Anabahatisha kwa hela yako.

Kipimo chenyewe si kirefu, na mwenye gari anaweza kukaa pembeni akaona. Kianzie kwenye betri, kwa sababu umeme mdogo unaleta misimbo ya ajabu kila mahali: betri nzima iliyopumzika inakuwa karibu na volti 12.6, na injini ikiwaka isome kati ya 13.5 na 14.5 hivi. Halafu fungua ukurasa wa namba zinazotembea, tafuta pembe ya usukani. Usukani ukiwa umenyooka na gari limenyooka, namba iwe sifuri au karibu kabisa na sifuri. Zungusha taratibu mpaka mwisho wa kushoto, kisha mpaka mwisho wa kulia. Namba inatakiwa ipande na kushuka bila kuruka, upande mmoja ikiwa chanya na mwingine hasi, na kwenye magari mengi inafika kama digrii 450 hadi 600 kila upande. Rudisha katikati, irudi pale ilipoanza. Sensa inayofanya hivyo ni nzima. Anayetaka kuitoa akueleze kwa nini.

Namba ikiruka ghafla, ikiganda sehemu fulani huku usukani unazunguka, au katikati ikasoma tofauti kila unaporudi, hapo kweli kuna ugonjwa ndani. Sensa nyingi zina gia ndogo mbili zenye meno yasiyolingana, kila moja na sumaku yake, na nyingine zina sahani yenye matundu inayokatiza mwanga. Meno yakilika au vumbi likiingia, namba zinaanza kuyumba. Sensa zinakufa, sikatai. Ninachopinga ni kuzizika zikiwa hai.

Kama hakuna namba kabisa, bado usinunue. Kwanza fyuzi. Kisha pima umeme na earth kwenye konekta ya sensa, soketi ikiwa imechomekwa ili kuwe na mzigo. Kisha njia ya mawasiliano: toa terminali ya betri, weka mita kwenye pini namba 6 na 14 za soketi ya kupimia, ile ya chini ya usukani inakochomekwa mashine. Kwenye magari mengi inatakiwa isome karibu na omu 60, kwa sababu kuna rizista (vizuizi vya umeme) mbili za omu 120, moja kila mwisho wa laini. Ikisoma 120, laini imekatika mahali au rizista moja imepotea. Ikisoma karibu na sifuri, nyaya mbili zimegusana. Hakuna sensa itakayoponya hilo, hata ikitoka kiwandani asubuhi hiyo.

Kuhusu kuseti sifuri, magari yanatofautiana. Kuna yanayojifunza yenyewe: betri ikitolewa taa inawaka, unazungusha usukani mwisho hadi mwisho, unaendesha kidogo mbele, inazima. Mengine lazima mashine iingie na kutoa amri. Kinachofanana ni kwamba baada ya alaimenti, au baada ya kufungua shina la usukani au sensa yenyewe, kuseti sifuri ni sehemu ya kazi. Fundi makini anakuuliza mwenyewe: umefanya alaimenti lini, betri ilitolewa, usukani ulifunguliwa? Asiyeuliza swali hata moja na spea ameshaishika mkononi, hapo kaa chonjo.

Kuna hatari nyingine inayoniumiza zaidi ya hela. Kuitoa sensa mara nyingi kunamaanisha kutoa eabegi ya dereva. Fundi anayejua kazi anatoa terminali hasi ya betri na kusubiri. Maelekezo ya Toyota yanasema angalau sekunde 90, ili umeme uliobaki kwenye mfumo uishe. Hagusi nyaya za eabegi kwa mita ya omu, kwa sababu umeme mdogo wa mita unaweza kuilipua. Na kloki-springi inafungwa ikiwa katikati yake kamili. Ndiyo maana mpya nyingi zinakuja na pini au kizuizi kinachoishika isizunguke. Ikifungwa nje ya katikati, siku unapokata usukani mpaka mwisho utepe unakatika. Honi inanyamaza, vitufe vya usukani vinakufa, taa ya eabegi inawaka, na siku ya ajali eabegi ya dereva inaweza isifunguke. Ukiona dalili hizo baada ya mtu kukubadilishia sensa, usikubali aseme ni tatizo jipya. Limetoka mikononi mwake.

Na wapo wanaoshindwa kabisa wakaamua kuua taa. Wanatoa balbu, wanabandika utepe mweusi, au wanaunganisha waya wa taa hiyo na taa nyingine ili ziwake na kuzima pamoja. Mfumo huu wa kuzuia gari kuteleza si pambo. Bosch na Mercedes-Benz waliuleta sokoni mwaka 1995, na mwaka 1997 A-Class, gari dogo la Mercedes-Benz, ilipopinduka Sweden katika jaribio la kukwepa kikwazo ghafla, Mercedes-Benz iliamua kuuweka kwenye kila A-Class. Marekani na Ulaya sasa ni sharti la sheria kwa magari mapya madogo. Kwa hiyo jaribuni wenyewe: washa swichi bila kuwasha injini. Taa ya ABS, ya kuteleza na ya eabegi zote ziwake kwa sekunde chache, kisha zizime. Ambayo haiwaki kabisa, au inayofuata hatua kwa hatua taa ya mfumo mwingine, ifuatilieni.

Ikithibitika kwamba sensa imekufa kweli, nunua kwa namba ya spea iliyoandikwa kwenye ile yako, herufi na tarakimu zote mpaka ya mwisho. Ya mtumba si dhambi, lakini auzaye aseme ni ya mtumba, akubali ifungwe na kupimwa namba zake ukiwepo, na mjue kabla kama gari lako linataka sensa isajiliwe kwenye kompyuta. Piga picha ya ile ya zamani kabla haijatoka, hasa lebo na konekta, na ondoka nayo. Ni mali yako, na ukiondoka nayo unawanyima wachezaji wa mchezo huu bidhaa.

Kama umeshauziwa na taa imerudi, usikubali kuuziwa kompyuta. Usifute msimbo, uache ulivyo. Tafuta mpimaji mwingine asiyeuza spea, mwambie aandike kwenye karatasi misimbo yote anayoiona na namba ya usukani ulionyooka, ya mwisho wa kushoto na ya mwisho wa kulia. Karatasi hiyo pamoja na picha za sensa uliyofungiwa ndivyo vya kurudi navyo kwa aliyekuuzia kudai hela yako na sensa yako ya zamani.