Gari la mnada wa mahakama: nyundo iligongwa siku moja, kadi ilipatikana baada ya miezi miwili

Mwezi wa tatu mwaka huu nilinunua Toyota Noah katika mnada ulioendeshwa kwa amri ya mahakama mjini Morogoro, kwa bei ya shilingi 6,800,000. Ninachokipima hapa ni huduma ya dalali wa mahakama aliyesimamia mnada huo, ambaye sitamtaja jina, pamoja na mzunguko wote wa kulihamishia gari hilo jina langu.

Mnada wenyewe uliendeshwa vizuri. Gari lilikuwa uwanjani tangu asubuhi, tuliruhusiwa kufungua boneti na kuliwasha, ingawa si kuliendesha, na sikuona wale wapandisha bei wa kupangwa ambao hujaa kwenye minada ya namna hii. Noah hiyo ilikwenda kwanza kwa bwana mmoja aliyekuja na robo tu ya fedha, akiamini kwamba atamalizia baadaye. Nafuu ya kuweka asilimia 25 na kukamilisha ndani ya siku 15 ni ya nyumba na viwanja. Kwa mali inayohamishika, Amri ya XXI ya Sheria ya Mwenendo wa Madai, Sura ya 33, inataka bei ilipwe wakati wa mauzo au mara baada ya hapo kadiri msimamizi atakavyoelekeza, la sivyo mali huuzwa upya. Dalali alimweleza hayo kwa upole, akairudisha mnadani, na ndivyo ilivyoniangukia mimi.

Makaratasi ndiyo yaliyoniudhi. Gari lililokamatwa ili kukaza hukumu, yaani kuitekeleza, haliji na mkataba wa mauziano wenye saini ya mwenye gari, na kadi halisi mara nyingi haionekani, kwa kuwa mshindwa tuzo, yaani aliyeshindwa kesi na kuchukuliwa gari lake, hana sababu ya kuitoa kabatini. Pengo hilo nililiziba kwa nyaraka za mahakama: amri ya kukamata na kuuza, hati ya mauzo ya dalali, stakabadhi ya malipo, na barua ya mahakama kwenda Mamlaka ya Mapato Tanzania. Nyaraka hizo zote zinalitambua gari kwa namba ya chasisi, na katika hati niliyokabidhiwa tarakimu 8 iliandikwa 3. Afisa wa mapato alilinganisha, akanirudishia faili, na kwa haki kabisa, maana kwa mujibu wa karatasi zile nilikuwa nimenunua gari jingine.

Kurekebisha tarakimu hiyo moja kulichukua wiki tano. Dalali alisema kosa ni la karani wa mahakama. Karani akafungua jalada na kunionyesha kwamba namba ilinakiliwa kama ilivyo kutoka kwenye ripoti ya ukamataji ya dalali mwenyewe. Baada ya hapo simu yangu ilikuwa haipokelewi hadi nilipomfuata dalali ofisini kwake mara ya tatu.

Hati iliposahihishwa, upande wa mapato haukuwa na maneno mengi. Nilipewa kumbukumbu namba ya malipo, nikalipa kwa simu kodi ya uhamisho shilingi 50,000, ushuru wa stempu wa asilimia moja ya bei, yaani 68,000, na 10,000 ya kadi mpya. Namba ya usajili ilibaki ileile. Kilichonishtua ni faini nne za trafiki, 30,000 kila moja, zilizoandikwa kwa namba ya gari kabla halijakamatwa. Nilizilipa mimi, na ningeweza kuziangalia kwa simu siku moja kabla ya mnada kama ningekumbuka. Afadhali leseni ya mwaka ya gari ilifutwa mwaka 2017, kwa kuwa zamani malimbikizo yake ndiyo yaliyokuwa yakiwatoa jasho wanunuzi.

Kwa uwanja wa mnada nampa dalali huyu alama tano kati ya tano. Kwa makaratasi, mbili, na moja kati ya hizo ni kwa sababu hatimaye alisaini marekebisho bila kuniomba chochote. Juzi amenipigia kunialika kwenye mnada wa pikipiki. Nilimwomba anitumie kwanza picha ya ripoti ya ukamataji pamoja na picha ya namba za chasisi kama zilivyogongwa kwenye chuma, na hadi leo sijazipata.