Akitundika daluga: vijana wa Mtwara au benchi la Ruangwa?

Mchezaji wa kigeni, tuseme Mmakonde wa Msumbiji aliyevuka Ruvuma kuja kusakata kabumbu, akitundika daluga huku kusini mwa Tanzania anaona njia mbili za ukocha.

Ya kwanza ni kubaki Mtwara mjini na vijana wa mtaani. Kimakonde chake kinatosha kuanzia, na tangu Daraja la Umoja juu ya Ruvuma lifunguliwe mwaka 2010, njia ya kwao ipo. Heshima huja mapema: watoto watamwita "mwalimu" hata kabla hajashinda mechi. Fedha ndiyo hakuna. Ndanda, klabu ya mjini hapo, ilipanda Ligi Kuu 2014 ikashuka 2020, kwa hiyo hata ngazi ya kupandia hapohapo mjini imekatika. Na korosho zikiiva, usishangae mazoezini wakija wachezaji sita.

Ya pili ni klabu ya Namungo, Ruangwa mkoani Lindi, akianza kama kocha msaidizi. Klabu hii ilifika makundi ya Kombe la Shirikisho Afrika msimu wa 2020/21. Kuna mshahara na kuna macho ya nchi nzima. Lakini hapo jina la uchezaji halitoshi. Wanataka leseni za ukocha za CAF, shirikisho la soka Afrika, nazo hupandwa moja moja: D, C, B, ndipo A. Na timu ikivurunda, benchi la ufundi ndilo hufukuzwa kwanza.

Mimi ningemshauri Mtwara, huku akisomea leseni. Mwenye watoto wa kusomesha aende Ruangwa. Kokote aendako, vibali vya kazi na ukaazi avishughulikie kwanza. Uhamiaji hawaulizi ulifunga mabao mangapi.